Ngombe Alisimama Mbele, Moteri Ikalia Hewani

Majengo, Goma
Tarehe 19 mwezi wa sita, 2023

Mupendwa Tonton Mirindi,

Salamu nyingi kutoka Majengo, kwako wewe, kwa tanti Gisèle na kwa watoto wote huko Kalemie. Afya iko namna gani? Ule ugonjwa wa mugongo umeachana na wewe, ao mungali munalala naye kitanda kimoja? Tanganyika yenu ingali inatoa samaki? Sisi hapa tuko wazima, tunakula, tunalala, na volkano imekaa mahali yake. Mama Domitille anasema nikuandikie kwamba anakuombea kila asubuhi kwenye misa. Mimi naongeza kwamba siku zingine usingizi unamukamata katikati ya jina lako.

Mimi mwenyewe unanijua, sina shida. Nimenenepa kidogo, uzuri nao umeongezeka. Wasichana wa Majengo wanateseka, lakini hiyo si habari ya leo.

Habari ya leo, Tonton, bado inanitetemesha. Tangu juma lililopita niko kinywa wazi kama samaki sambaza kwenye kikaango.

Unakumbuka uliponipigia simu kutoka kwenye karakana yako ya moteri za maji, ukaniuliza: “Cubaka, mutumbwi wenu unataka moteri ya muguu mufupi ao murefu?” Nami nikajibu bila kuvuta pumzi: “Mufupi, Tonton! Mutumbwi wenyewe ni mudogo.” Sasa niruhusu nikuulize kwa heshima yote: mutu mukubwa kama wewe, fundi anayejulikana Kalemie nzima, uliwezaje kuamini mudomo wa kijana anayetengeneza pikipiki? Ulipaswa kuuliza tena. Basi kosa tuligawane, na wewe uchukue kipande kikubwa, kwa sababu njo wewe mukubwa.

Tena usifikiri nilijibu kwa ujinga. Unajua Kituku, tunapoegesha mutumbwi: chini ni mawe ya volkano, makali kama meno. Wavuvi wote waliniambia muguu murefu utapeleka elise, ile panga inayozunguka kwenye mwisho wa muguu ndani ya maji, kwenye mawe, ivunjike mara moja. Na mimi niliona mutumbwi mudogo na muguu mufupi vinapendezana, kama mutoto na kaputula yake. Nilifika mwaka wa pili wa segondere, hesabu kama hiyo hainishindi.

Moteri ilipofika, nikaifunga kwenye ubao wa nyuma, nikakaa kwenye usukani, rafiki yangu Tuyisenge kando yangu. Tonton, tuliruka! Watu wa pwani walipiga mbinja. Nikazunguka tena bila sababu, ili wale ambao hawakuona nao waone. Sikujua kwamba sisi wawili, kwa kukaa nyuma, ndio tuliokuwa tunasukuma elise ndani ya maji.

Basi ikafika siku ya kupeleka ngombe ya dot, mahari ya kaka yangu Magloire, kule kwenye kisiwa cha Idjwi kwa akina Léoncie, muchumba wake. Siku hiyo haikuwa ya mchezo. Muzee Nsanzimana, baba mukubwa wa Léoncie, ambaye njo anasemea jamaa yao, alikuwa ametuambia wazi: tukikosa kufika, kuna jamaa nyingine ya Minova ambao ngombe wao amekwisha kufungwa kamba. Magloire alikuwa hali chakula. Alikuwa anapiga pasi suti moja mara kwa mara, mpaka ikaanza kung’aa kama chupa.

Tulipokuwa tunapakia, Mama akatoa amri: ngombe asimame mbele kabisa, wakwe waone pembe zake kabla ya kuona kofia zetu. Akasema kwetu Bashi ngombe hafichwi nyuma kama mufuko wa makala. Nani angebisha? Ngombe akasimama mbele, munene, ametulia kama gavana. Wazee wetu wakakaa katikati na miavuli yao. Nyuma nikabaki mimi peke yangu na moteri yako.

Karibu na pwani maji yalikuwa yamelala, tukaenda polepole. Nikajiambia ni uzito tu. Lakini tulipofika pahali pa wazi, Idjwi tayari tunaiona, mawimbi yakaanza. Ngombe anaelemea mbele, nyuma inainuka, elise inatoka nje na kupiga hewa. Moteri ililia, Tonton! Ililia kama nguruwe wa Noeli, na mutumbwi umesimama palepale. Halafu ule mukojo wake, yale maji yanayoruka kando kuonyesha kwamba inakunywa na kujipoza, ukakauka. Moshi ukatoka. Nikaizima haraka.

Mama akageuka: “Cubaka! Hii kitu yako inalia sana kuliko inatembea!”

Magloire, uso umekuwa wa majivu: “Mudogo, leo ninaenda kuoa ao kuzikwa?”

“Yote mbili inatakaka suti,” nikamujibu, “umevaa muzuri.”

Nikainama kuangalia. Unajua ile sahani ya chuma iliyolala juu ya elise? Ilipaswa kuwa chini kidogo ya tumbo la mutumbwi, maji yakiifunika. Yangu ilikuwa inaota jua! Hapo nilishituka kweli. Ubao wa nyuma wa mutumbwi wetu ni murefu kuliko muguu wa moteri, na hakuna mutu hata mumoja aliyeupima, kuanzia wewe.

Nikasema ngombe aje nyuma. Mama akashika kichwa: “Na wakwe wataona nini? Mwavuli ya baba yako?” Lakini upepo ulikuwa unatusukuma upande wa kule tulikotoka, akakubali. Wazee wakajibana mbele, tukamuvuta ngombe polepole mpaka akafika kwangu. Nyuma ikashuka, elise ikazama, mukojo ukarudi, moteri ikaimba. Njia yote ngombe alinipumulia kwenye shingo. Alinilamba sikio pia. Nilivumilia, kwa sababu ya jamaa.

Sasa sikia mushangao mwingine. Pale Idjwi wakwe walikuwa pwani, wanawake wameanza vigelegele. Tulipokaribia, waliona nini? Kofia na miavuli tu. Ngombe alikuwa amefichika nyuma ya wazee wetu. Vigelegele vikakatika kama umeme wa Goma. Nikasikia sauti ya mwanamuke: “Wamekuja mikono mitupu!” Muzee Nsanzimana akatugeuzia mugongo, akaanza kupanda kwenda nyumbani na fimbo yake.

Magloire akasimama na suti yake, anapiga kelele: “Iko nyuma! Ngombe iko nyuma!” Upepo ukachukua maneno yote.

Mimi nikazima moteri, nikaiinua juu ya mawe. Wakati huohuo ngombe akaona majani ya pwani. Hakumuuliza mutu. Akaruka! Mama: “Yesu Maria!” Mutumbwi ukayumba, kofia mbili zikaenda na maji, na ngombe wetu akaogelea, pua juu, mpaka inchi kavu. Akajikunguta mbele ya wageni wenye nguo za sikukuu, akapanda njia peke yake, akamupita Muzee Nsanzimana, akasimama mbele yake, akaanza kula majani ya migomba waliyopambia mulango wa kutupokea.

Wao walishangaa, sisi tulishangaa, mimi nilikuwa ninatafuta pahali pa kukimbilia. Muzee akamuangalia ngombe, akasema: “Ngombe wengine tunawavutaka na kamba. Huyu amejileta. Nani atamurudisha?”

Tonton, vile vigelegele vilivyopigwa, ninafikiri hata Bukavu walivisikia. Dot imepokelewa. Magloire alikula siku hiyo kama mutu aliyetoka gerezani.

Lakini kisha chakula, Muzee akaniita kando. Nikajua anataka kunisifu. Akasema: “Kijana, ngombe wako anajua kuogelea. Mutoto wetu hajui. Siku ya harusi Léoncie ataingia katika ule mutumbwi kama nimeona na macho yangu moteri inakaa ndani ya maji. Bila hiyo, yeye anabaki hapa. Na ngombe pia anabaki.”

Ndiyo sababu ninakuandikia. Harusi ni mwisho wa mwezi wa munane, huku Goma, na Magloire ameanza tena kupiga pasi. Nilitaka kukata ubao wa nyuma uwe mufupi, Mama akakataa, akasema mawimbi yataingia yatukute tumekaa. Safari hii ana haki. Nilimuomba basi akae mbele, pahali pa ngombe, nijaribu uzito. Akavua sandali. Ninakimbia sana, asante Mungu.

Kwa hiyo ninakurudishia moteri, inakuja na mama Emerance, mufanyabiashara anayepitia Bukavu na Uvira. Nigeuzie na ya muguu murefu. Mawe ya Kituku usiyaogope, nitaiinua kabla ya kufika. Ndani ya barua utakuta kamba. Usiifungie kitu, njo kipimo chenyewe: ncha yenye fundo ni pale juu ambapo moteri inaning’inia, ncha nyingine ni chini ya tumbo la mutumbwi. Nimeishusha wima, sikufuata mulalo wa ubao. Simamisha moteri, weka fundo juu. Ile sahani ya chuma ikifika kwenye mwisho wa kamba ao ikipita kidogo, itume. Hii yako ya zamani inakosa kiganja kizima, pima utaona. Na safari hii usiniulize kwa simu. Unajua nitajibu nini. Uliza kamba.

Nisalimie sana tanti Gisèle, umubusu na Mirindi mudogo, umuambie amusalimie kila mutu wa kwenye karakana. Mama anakusalimu, Magloire anakusalimu akiwa na pasi mukononi. Ngombe pia angekusalimu, lakini sasa yuko kwa wakwe, na ni wewe utakayesema kama alienda bure.

Mungu akulinde, na kila unachotia majini kifike pale kinapopaswa kufika.

Wako akupendaye, na anayekungojea pale Kituku kila siku,

Cubaka