Bangili Niliyovalishwa kwa Sabuni

Jumatano, Rahaleo, Mtwara. Desemba.

Mvua imenyesha mchana ikaacha joto palepale ilipolikuta. Magharibi imeingia, nimekaa upenuni, mkono wa kulia nimeulaza mapajani ukiwa umefungwa kitambaa cheupe, naandika kwenye simu kwa dole gumba la kushoto. Naenda polepole kama mwanafunzi wa darasa la kwanza. Kama maneno yamerukwa humu, nivumilieni.

Leo nimekata bangili ya ndoa yangu.

Siogopi kuandika haya hapa. Mama mkwe hana simu ya kufungulia blogu, na mume wangu hasomi kitu chochote kirefu kuliko ujumbe wa simu, tena hujisifia hilo.

Siku ya harusi, mama mkwe alinishika mkono mbele ya wanawake wote wa ukoo wao. Akaupaka sabuni ya mche mpaka kiganja kikateleza, akaisukuma bangili ikapita kwa taabu kwenye mfupa wa dole gumba. Vigelegele vikapigwa. Akaunyanyua mkono wangu juu ili na wale wa nyuma waone, akasema, "Dhahabu hii! Korosho za nsimu mzima zimo humu. Kwenye nkono huu haitoki mpaka Mungu apende."

Kwao bangili ya ndoa ina siku moja tu ya kuvuliwa, nayo ni siku mume anapofariki na mke kuingia eda. Mama mkwe alivua yake siku aliyokufa baba mkwe, na hadi leo akisimulia msiba ule huanzia kwenye bangili ndipo afike kwenye jeneza. Mke anayevua wakati mume anapumua, kwa hesabu yao, anamwitia mauti.

Nilikubali, tena kwa furaha, nisijisingizie. Nilikuwa nikienda sokoni napandisha mkono wa baibui kidogo, eti joto. Nikamzaa Rehema, nikanenepa, na baada ya hapo bangili isingepita kiganjani hata kwa sabuni ya dunia nzima.

Kazi yangu ilikuwa kwenye kikundi cha akina mama wanaobangua korosho, hapa hapa mjini. Mwenyekiti wetu ni Bi Hadija, mama mmoja mwenye sauti ya kiume na moyo mzuri. Nilianza kwa kupasua maganda, baadaye akanihamishia kwenye kumenya ile ngozi nyembamba ya ndani na kutenga korosho nzima na zilizovunjika. Mikono yangu ilikuwa myepesi. Wageni wakija kutembelea kikundi, Bi Hadija alikuwa akiwaleta kwenye meza yangu kwanza. Nyumbani mimi ni mke wa fulani na mkwe wa fulani, lakini pale mezani nilikuwa mimi.

Msimu uliopita kifundo cha mkono kikaanza kuwasha. Vikaja vipele vidogo, vikawa malengelenge, yakapasuka, ngozi ikachubuka na kutoa maji.

Hakuna aliyejiuliza ni nini. Hapa Mtwara nani hajawahi kuunguzwa na korosho? Watoto wetu wanababuka midomo kwa kuzitafuna mbichi. Mafuta ya lile ganda yanakula ngozi, kila mtu anajua, na mimi nilikuwa nashinda nazo kutwa. Basi jibu likawa limeshapatikana kabla ya swali. Nilipaka majivu, nikavaa glovu, nikapaka mafuta ya nazi, na mkono ukazidi kuoza.

Bi Hadija akaniita pembeni. Alisema kwa upole, na upole wake ndio ulioniumiza. "Mwanangu, pumzika kwanza. Hiki ni chakula. Nnunuzi akiuona nkono huo, tumekwisha sote."

Nikapumzika. Wiki iliyofuata mama mkwe akampeleka wifi yangu Somoe akakalie nafasi yangu, ili isipotee nje ya familia. Somoe anavunja korosho kama anavunja kokoto. Bado yuko pale.

Mume wangu alifurahi na hakujificha. Yeye ni mpakiaji bandarini, anarudi jioni na anapenda kumkuta mtu nyumbani. "Si nilikwambia kazi ile haikufai?" Aliisema mara nyingi kiasi kwamba Rehema naye akaanza kuirudia, na sote tukacheka. Mimi pia nilicheka.

Halafu likaja suala la rangi. Bangili ilikuwa imeanza kufifia, ikawa na weusi upande wa ndani, na mkononi ikaacha duara la kijani. Mama mkwe akatamka kwamba hicho ni kijicho. Kuna mtu kaiangalia vibaya. Dawa yake ni ndimu na chumvi, kuisugua palepale mkononi, kisha Ijumaa kwenda kuichovya kwenye maji ya bahari kule Shangani.

Mnajua ndimu na chumvi inavyokuwa kwenye kidonda?

Nilikuwa nauma upindo wa khanga. Yeye anasugua na kunisomea dua, machozi yananitoka, na mume wangu amekaa kwenye mkeka anakunywa chai ya maziwa. Bangili ilikuwa inang'aa kwa siku chache, naye anafurahi, anaonyesha majirani. Kisha inarudi ile ile, na mkono unakuwa mbaya kuliko mwanzo. Ijumaa inayofuata tunaanza upya.

Miezi ikapita sijagusa korosho hata ya kutafuna. Mkono haukupona. Hapo ningepaswa kushtuka, lakini niliambiwa sumu ya korosho imeshaingia kwenye damu, na mtu akichoka huamini lolote.

Kilichonifumbua macho ni tumbo. Chini ya kitovu likatokea duara la upele, saizi ya kifungo, linawasha mchana kutwa. Nikakaa nikalitazama. Kitovu changu hakijawahi kubangua korosho. Nikaitafuta ile suruali ya jinzi ninayovaa ndani ya baibui, nikaipima, na kifungo chake cha chuma kikaangukia palepale.

Wiki hii nikaenda hospitali. Daktari ni binti mdogo tu, mgeni wa mkoa huu, hakunifokea wala hakuniharakisha. Akatazama mkono, akatazama tumbo, akauliza kama niliwahi kusumbuliwa na hereni. Nikamwambia tangu nikiwa shuleni siwezi hereni za bandia, masikio yanavimba na kutoa usaha, navaa za fedha tu. Akasema basi ni mzio, mwili wangu haupatani na nikeli. Ni madini ambayo huchanganywa kwenye vitu vingi vya bei rahisi: hereni, vifungo, vishikizo vya mikanda. Jasho na chumvi vinaila bangili taratibu, na kinacholika kinaingia kwenye ngozi. Ndimu ndiyo inaharakisha zaidi.

Akauliza bangili ni ya nini. Nikajibu ya dhahabu.

Akaligusa lile duara la kijani. "Dhahabu safi haigeuki nyeusi, dada. Hata iwe ya nini, ivue."

Nilirudi nyumbani kwa miguu, sikutaka hata bajaji. Maisha yangu yote najua kwamba bandia inaniozesha. Najua kuliko ninavyojua jina la mjumbe wangu wa nyumba kumi. Kama ningeambiwa bangili ile ni bandia, ningeikimbia siku kile kipele cha kwanza kilipotoka. Lakini niliambiwa ni dhahabu, kwa vigelegele, basi nikatafuta ugonjwa kila mahali isipokuwa pale ulipokuwa umekaa.

Jana wakati wa chakula nilimuuliza mume wangu kwa utaratibu kabisa: hii ni dhahabu? Akajibu, "Kwani wewe kila wanachosema hospitali unaamini?" Kisha akaomba aongezwe mchuzi. Kusema ndiyo kungemchukua punje ya muda, na kusema hapana vilevile, na yeye alichagua mchuzi.

Leo asubuhi alipokwenda kazini nikaenda kwa fundi wa madirisha ya chuma, mtaa wa pili. Akapitisha kipande cha mpira wa tairi kati ya bangili na ngozi, akawa anakata kwa msumeno na kumwagia maji. Ilinichoma hata hivyo. Alikata sehemu mbili, na vipande vikaanguka kwenye vumbi la chuma.

Nikaviokota. Palipokatwa pana rangi ya kijivu, kama kijiko cha chai. Ile njano iko juu tu, nyembamba kuliko ganda la kitunguu, na upande wa ndani imeshachubuka. Fundi naye aliona, akajifanya anatafuta kitu mezani kwake. Nilimshukuru kwa hilo.

Mama mkwe alikuwa uani anapepeta mchele nilipoingia. Aliuona mkono mtupu kabla sijafungua mdomo. Ungo ukamtoka. Akakaa chini mavumbini, akajifunika ushungi usoni, akalia ile sauti ya msibani, mpaka majirani wakaja mbio kuuliza nani amefariki. Nikamnyooshea vipande, akageuza uso. "Sitaki kuviona! Umenzika mwanangu angali hai! Nimekukosea nini, mie?" Nikajaribu tena, akaniziba mdomo kwa mkono wake. Sikuwa na la kufanya mbele ya watu wote wale.

Walimpigia simu mume wangu. Alasiri akafika, akaniingiza chumbani, akafunga mlango.

Nilikuwa nimeshaufunga mkono kitambaa. Nilidhani ataanzia hapo.

"Nani mwingine ameona ndani yake?"

Hilo ndilo lilikuwa swali lake la kwanza.

Kisha akanieleza, kwa sauti ya chini, kana kwamba ananifanyia hisani. Mama yake alimkabidhi pesa zote za korosho za msimu ule aende Dar akanunue dhahabu. Alipofika kule zikapata matumizi mengine. Matumizi gani hakusema, na sikuona haja ya kuuliza. Akanunua kitu cha kwenye meza ya mchuuzi, kinachong'aa, akakiweka kwenye kiboksi chekundu kizuri. Hakutegemea kitazua mjadala. Anataka nimwambie mama kwamba nilikwenda Shangani kuichovya, ikakatika, maji yakaichukua. Mama atalia, atanuna, yataisha. Amenipa hadi kesho asubuhi.

Nikamuuliza kama anakumbuka zile hereni ndogo za fedha alizoninunulia tukiwa wachumba. Anakumbuka. Nikamuuliza kwa nini alinunua za fedha.

Akatazama pembeni, kwa sababu anajua. Nilimwambia mwenyewe, wakati ule, asije akaninunulia bandia maana zinaniozesha. Na alisikia. Alikwenda akatafuta za fedha.

Kwa hiyo alijua. Tangu kipele cha kwanza alijua, au angejua kama angetaka. Alijua wakati Bi Hadija ananirudisha nyumbani na wakati Somoe anakaa kwenye kiti changu. Alikuwa amekaa pale mkekani na kikombe chake akimtazama mama yake akinisugua kidonda kwa ndimu, na neno moja tu lingetosha, naye akaendelea kunywa.

Ninamchukia. Nimejaribu kutafuta neno laini zaidi jioni nzima na sijalipata.

Dhahabu siililii. Angenifunga kamba ya mkonge akaniambia ni kamba ya mkonge, ningeivaa. Ninayoililia ni meza yangu, na ngozi yangu, na kile kicheko nilichocheka na Rehema nikijicheka mwenyewe bila kujua.

Na mama mkwe, nimeshindwa kumchukia vizuri. Nilikusudia. Nimempelekea chakula amekirudisha bila kukifunua. Lakini korosho zile aliziokota yeye, mgongo umeinama, moja moja chini ya miti, msimu mzima, akijua zinakwenda kwenye mkono wa mke wa mwanawe. Alichokuwa anasugua kwa ndimu aliamini ni jasho lake. Sasa hivi yuko chumbani analia, anaomba mwanawe asife. Mwanawe yuko sebuleni anaangalia mpira. Wamefunga bao, nimemsikia akishangilia.

Kesho nikitoka nitakwenda kwa Bi Hadija. Nitamwonyesha mkono na cheti cha daktari na kumwambia haikuwa korosho. Kidonda kikifunga nataka nirudi, hata kama nitaanzia kwenye maganda. Somoe atanuna na anune.

Lakini hilo ni la baadaye kidogo. Kuhusu bahari ya Shangani, sitaisingizia. Asubuhi, kabla hajaondoka kwenda bandarini, nitaviweka vile vipande viwili kwenye sinia la chai mbele ya mama yake, palipokatwa pakitazama juu. Nitamsihi mama avitazame mara moja tu. Halafu mimi nitakaa kimya, na aliyevinunua ndiye atakayemweleza.