Shehe Anataka Shahidi

Mujukuu wangu Zaina,

Salamu za Gisenyi zikukute muzima huko Kigoma. Shangazi yako wa Goma amepata mutoto wa kike. Ya vita tuyaache.

Unauliza kama shehe anaweza kuvunja ndoa ya mama yako kwa sababu baba yako anamupiga. Anaweza, akipata shahidi. Mume wangu wa kwanza alinipiga mi pia. Aliyesimama mbele ya shehe ni mama yake mwenyewe: "Mwanangu anamutesa. Nimeona." Nikaachishwa, naye akarudi nyumbani kumupikia mwanawe. Sikumuelewa.

Sasa anayepiga ni mwanangu, na niliyeona ni mi peke yangu. Shehe ameniita leo. Nimevaa kitenge tangu asubuhi, na bado nimekaa mlangoni nakuandikia.

Nyanya yako