Muhuri Niliouchonga Mara Mbili

Tanga

Baba mpendwa,

Shikamoo. Mama naye mpe shikamoo yangu. Kifua chake kinaendeleaje na baridi hiyo ya Ugweno? Mimi mwili mzima, ila nimechoka, Baba. Hata kalamu naiona nzito. Naandikia gerezani, usishtuke.

Kule shamba la mkonge nilikuwa nalala chumba kimoja na Elinazi, mtu wa Maore, huko huko kwetu milimani. Aliletewa habari kwamba mkewe ni mahututi. Akaomba ruhusa mara tatu, bwana mkubwa wa shamba akakataa. Basi nikafua kipande cha shaba pale karakana, nikachonga muhuri kama wa ofisini, nikampigia cheti cha ruhusa. Akaenda, akamkuta mkewe yu hai. Hilo silijutii.

Ila daftari la ofisi halikuwa na ruhusa hiyo. Akakamatwa karani, Zefania wa Mwanga, kwa kuwa ndiye mtunza muhuri. Ana watoto wanne! Siku mbili nilifua majembe kama kawaida. Ya tatu nikaenda mwenyewe kwa bwana nikasema ni mimi.

Alicheka. "Wewe, mfua majembe?" Akanipa shaba na tindo nichonge mbele yake.

Hapo shetani alinijia, Baba. Ningeharibu herufi moja tu, ningerudi kazini, na Zefania angefungwa. Alikuwa amesimama pale na pingu, macho chini. Nikainama nikafanya kazi kama ulivyonifundisha, bila haraka. Mihuri ikapigwa yote miwili kwenye karatasi moja, bwana mwenyewe akashindwa kujua upi wake. Hakucheka tena.

Zefania alipofunguliwa alilia. Ndiye aliyenieleza shtaka langu. Waingereza wana neno moja, foji, la kufua chuma na la kughushi. Anasema walilipata kwa Wafaransa, na zamani lilikuwa jina la kiwanda cha mhunzi tu, ughushi ukaja baadaye. Loo, iliniuma! Kazi ya babu zetu wameifanya jina la wizi.

Barua hii anakuja nayo yeye Zefania, mpokeeni vizuri. Nisalimie dada na shemeji, na shangazi anayeniombea kila Jumapili.

Nimepewa miezi sita. Wakikuuliza kanisani niko wapi, usinitungie safari, Baba. Waambie nimefungwa, uwaambie na kosa lenyewe.

Mimi mwanao,
Nathanaeli