Upande wa Kushoto Bado

Wakili,

Barua hii naandika mwenyewe. Herufi zimelala huku na huku, lakini ni zangu, sikuomba mtu. Ungekuwepo ungesema, "Shomari, wewe shika wembe, kalamu niachie mimi." Basi umeniachia vyote.

Tangu ulipokufa, hapa mtaani Bellevue tumekwisha. Nyumba yetu ya vyumba, uliyoisimamia mahakamani tusitolewe, sasa haina wa kuisemea. Maji wamekata. Jumatatu wanakuja kututoa, wengi wamekwisha kuhama. Mimi nikagoma. Majirani wakaniuliza, mzee unangoja nini? Nikawaambia namngoja mtu atoke kwanza. Wakadhani akili imeniruka.

Nilikuwa nakungoja wewe. Ulifia hapa kwangu, kwenye kiti, povu bado liko shavuni. Nilikuwa nimemaliza upande wa kulia, nakugeuza kichwa, kikaja chote mkononi mwangu kama cha mtoto aliyelala. Gari la wagonjwa likabeba mwili tu. Lakini cheti cha kifo kikaandikwa umefia hospitali, na ndugu zako wakaenda hukohuko na lile tawi la mti wa miiba, kama desturi yenu: linapelekwa pale mtu alipokata roho, anaitwa, anarudishwa nalo nyumbani. Huko hospitali walimchukua nani, sijui. Niliwaambia matangani, kaka yako akanijibu mbele za watu, "Mzee, wewe ni kinyozi, si daktari." Aliona aibu, mheshimiwa kufia chumbani kwa mgeni.

Mgeni mimi? Niliyekunyoa Morogoro ulipokuja mkimbizi wa makaburu, mbavu nje? Siku unaapishwa bunge la jimbo, ile picha ya gazetini, kichwa kile kazi yangu. Johannesburg nzima hakuna kinyozi angekitoa vile. Na ulipochoka na bunge ukarudi kutetea watu wa vyumbani kama sisi, ulikaa kiti hikihiki ukasema, "Kule wanapiga makofi kabla hujafungua mdomo."

Basi jana nimenunua tawi mwenyewe. Nikaligusisha kwenye kiti, nikakwambia, twende. Anayelibeba haongei na mtu ila na marehemu, hilo najua. Kwenye teksi, hizi daladala za huku, nikalipia viti viwili, chako na changu. Nikawa nakwambia kwa sauti, kwa Kiswahili, ndicho tulichozoeana nacho: hapa robot, taa za barabarani, hapa tunavuka daraja, hapa tunaingia Alexandra. Wakili, wewe unajua. Miaka yote hii ndani ya teksi mimi ni bubu, wasinijue kwa lugha. Na Alexandra ndiko walikoanza kutupiga sisi wageni. Lakini sauti sikuishusha. Jamaa wa mbele akageuka, "Wewe mzee, unaongea nini?" Mama mmoja akaliona tawi, akamwambia, "Mwache. Yuko na mtu wake." Jamaa akageukia mbele.

Getini kwako akatoka binti yako Thandeka. "Baba alisharudi, mzee. Tulimchukua sisi." Mimi kimya. "Unataka nini?" Kimya. Mimi huyu, unayenijua mdomo wangu. Akaanza kufunga. Halafu akaliangalia tawi, akauliza polepole, kwa kile Kiswahili chake cha utotoni Morogoro, "Ulimnyoa upande gani?"

Nikaweka mkono kwenye shavu langu la kulia.

Kumbe alikuona ndani ya jeneza, ndevu upande mmoja. Akadhani ni uzembe wa mochwari, hakumwambia mtu hadi mimi pale getini. Akashika nguzo ya geti. Akafungua.

Nikasema, Wakili, hapa ni kwako, ingia. Tawi nikampa yeye, akaingia nalo akiongea na wewe. Kaka yako alikuwemo ndani. Hakutoka hata kunisalimu. Nami sikungoja chai.

Leo kiti kitupu. Nimekiangalia tangu asubuhi. Jumatatu wakija watanikuta nimefunga mizigo, sina neno nao tena. Mtaa wa Berea wanasema ipo kona ya chumba, lakini kiti hawakitaki. Nitakwenda nacho hivyohivyo, tuone nani atanizuia.

Lala kwako sasa, rafiki yangu. Nami siko mbali, kifua hiki hakinipi usingizi. Nikija, nakuja na wembe, nakuahidi. Huko usikubali mwingine akuguse. Upande wa kushoto ni wangu.

Shomari, kinyozi wako