Kwa Mama Furaha, Aliyemfundisha Mwanangu Mvuke

Beechmont, Louisville
Mwezi wa sita, 2015

Mama Furaha,

Mkono wangu umesita kuandika jina hilo, maana hapa Beechmont jina hilo ni langu. Kanisani wananiita Mama Furaha, Wakongo wenzangu kazini wananiita Mama Furaha, na mimi naitika. Lakini aliyemzaa Furaha ni wewe. Mimi naitwa Espérance. Ni mke wa mume wako.

Hatukuwahi kuonana. Ulipofariki kule kambini Kigoma, mimi nilikuwa upande wa pili wa kambi na sikukujua hata kwa sura. Furaha alikuwa ameng'oka meno ya mbele. Baba yake aliponioa, meno yalikuwa yameshaota, na ulimi pia.

Nakuandikia kwa sababu nakuonea wivu, na sina mwingine wa kumwambia. Mume wetu nikimwambia atanicheka. Atasema, mtu amekufa, unamwoneaje wivu? Hajui ninavyoishi. Mke aliye hai anaunguza wali, ananuna, ananenepa, anasahau kulipia umeme. Wewe huunguzi kitu. Uko ukutani kwenye picha yako, na kitambaa chako cha bluu, kila siku mzuri vilevile.

Na ulimwachia mtoto ule mvuke wako. Laiti ungemwachia kitu kingine! Ungemwachia wimbo, ningejifunza kuuimba.

Siku ya kwanza nilipopika maharage kwenu, mfuniko ukaanza kuchezacheza juu ya sufuria. Furaha akaja mbio, akachuchumaa mbele ya jiko. Akaniambia, "Maman alisemaka, ile mvuke ndiyo inavutaka treni." Nikamwambia atoke hapo, ataungua. Hakutoka. Akanisimulia habari ya yule jitu wa Cornwall kule Uingereza, hodari wa mieleka, ambaye kila mtu alimwambia mvuke wenye nguvu namna ile utapasua chuma na kuua watu. Yeye akajenga garimoshi lake hivyohivyo, akaliweka juu ya reli, likavuta shehena ya chuma na wanaume wamekaa juu yake wanashangilia. Lakini lilikuwa zito mno, reli zikavunjika. Hapo ndipo hadithi yako iliishia. Reli zikavunjika. Nilimwuliza Furaha kisha ikawaje, akasema Maman hakusema.

Tangu siku hiyo, kila nikipika maharage, uko jikoni kwangu. Unajua mkimbizi anapika maharage mara ngapi?

Mimi shule niliiacha ningali mdogo sana. Wewe ulikuwa mwalimu wa fizikia. Watu waliokujua kambini walikuwa wanakutaja kwa kushusha sauti. "Mwalimu," wanasema, kisha wananitazama mimi, wanamalizia na "bon," yaani basi, kama mtu anayefunga mlango polepole ili asiamshe mtoto.

Tulipofika Louisville, Furaha alijua Kiingereza upesi kama watoto wote. Mimi nilikuwa nafunga maboksi ghalani mchana, na jioni naenda darasa la watu wazima. Pale karibu kuna maktaba, basi linasimama mlangoni. Jumamosi moja nikamwona Furaha amekaa mezani na kitabu cha picha cha magarimoshi ya zamani. Nikakaa naye. Nikamwambia, nisomee, halafu nami nitajaribu. Tukakisoma kile kitabu mpaka kikatuzoea, nikikosea ananisahihisha, nikipatia anagonga meza.

Humo ndimo tulimokuta kilichofuata baada ya reli kuvunjika. Tulimkuta yule mwingine, mtoto wa mtu aliyekuwa akitia makaa kwenye mashine ya mgodi. Alikua hajui kusoma. Alikuwa kijana mkubwa mwenye kazi yake alipokwenda darasa la jioni kujifunza herufi. Mama Furaha, nilipolisoma hilo kwa mdomo wangu mwenyewe, neno kwa neno, nilisimama katikati ya maktaba. Nilimpenda yule mtu kama ndugu. Ni yeye na mwanawe waliojenga garimoshi lililoyashinda mengine yote mashindanoni, na dunia ikawajua wao. Yule wa kwako, wa Cornwall, alikwenda Amerika ya Kusini kutafuta bahati migodini, akafilisika, na kule ugenini akakutana na yule mwana wa mtu wa mgodini, ambaye alimlipia nauli ya kurudi kwao. Akafa maskini. Wafanyakazi wenzake ndio waliomzika, kaburi halikuwekwa hata jiwe.

Nilifurahi. Nakuambia ukweli, nilifurahi wako alivyoshindwa na wangu akashinda. Furaha alilia, mimi nikampa kitambaa na moyoni ninacheka.

Basi, mtoto akakua. Akapata nafasi ya kusomea uinjinia Columbus. Anakaa Gahanna, kwa binamu wa baba yake, ndege zinapita juu ya paa. Mwezi uliopita wanafunzi walikuwa na siku ya kuonyesha kazi zao, na Furaha alikuwa amejenga garimoshi dogo la shaba, linachemsha maji kwa spiriti na kutembea juu ya reli yake. Nilibadilishana zamu kazini. Nilishona kitenge kipya. Baba Furaha aliendesha kutoka Louisville mpaka Columbus, na mimi njia nzima nimeshika sambusa za mtoto mapajani.

Akasimama mbele ya watu, mwanangu. Mrefu kama wewe, wanavyosema. Akaeleza kwa Kiingereza habari ya wale mainjinia wa mwanzo, yule wa Cornwall na yule wa mgodini, wote wawili, vizuri kabisa. Nilielewa karibu kila neno. Kisha akasema, "Haya yote nilifundishwa na mama yangu, kwa sufuria na mfuniko."

Watu wakageuka kunitazama. Wakapiga makofi. Mama mmoja Mzungu akaja akanishika mikono yote miwili, machozi yanamlenga, akaniambia niwe na fahari. Na kabla sijafungua mdomo, Furaha akamjibu kwa niaba yangu.

"She's my stepmom. My mother passed away."

Kwamba mimi ni mama wa kambo, na mama yake alifariki. Alisema kwa upole. Hakukosea. Yule mama akaniachia mikono, akasema pole, na sikujua pole ilikuwa ya kifo chako au ya kuwa mimi ni mimi.

Tulikuwa tumepanga kuendelea mpaka Buffalo, kwa mama yako, kwa sababu Nyanya alitaka kuliona garimoshi. Mimi nilikuwa sijawahi kwenda kwake. Baba Furaha na mtoto walikwisha kwenda, mimi nikasingizia kazi. Ningekaaje chini ya picha zako zote? Sasa nimo ndani ya gari, siwezi kushuka.

Hatujafika mbali nikamwambia Furaha, "Sufuria ni yake. Na maharage yalipikwa na nani?"

Akakaza mkanda wa kiti.

"Na ile nusu nyingine, yule wa darasa la jioni, ulisoma na nani?"

Akajibu kwa Kiingereza, akitazama dirishani, kwamba haya si mashindano. Nikamwambia kwa Kiswahili kwamba anayesema si mashindano ni yule ambaye ameshapewa kombe. Baba yake akaongeza sauti ya redio. Tukafika Buffalo tumenuniana wote watatu, hata yeye ambaye hakuwa na kosa.

Mama yako anakaa West Side, katika nyumba ya mbao ya zamani, ngazi zinalia ukizikanyaga. Alitoka mwenyewe barazani. Akawakumbatia wao, kisha akanitazama kutoka kichwani mpaka viatuni.

"Donc, ni wewe."

"Ni mimi, Mama."

"Ingia. Umekonda kuliko walivyosemaka."

Picha zako zilikuwepo, kama nilivyoogopa. Wewe kule Kalemie, Kongo, umevaa sare ya shule. Wewe na yule bwana harusi mwembamba ambaye sasa anakoroma kwangu. Nilikaa kiti kinachotazama dirisha.

Furaha akaweka reli juu ya meza ya chakula. Garimoshi likagoma. Safari ilikuwa imelilegeza, maji yakawa yanavuja kwenye kiungo cha bomba. Akakaza, akajaza upya, akawasha. Tukangoja. Nilijikuta nimeinama pamoja naye, nimeshikilia meza isitikisike, kwa maana kununa ni kununa lakini kazi ya mtoto ni kazi ya mtoto. Mvuke ukatoka, pistoni zikaanza kwenda, garimoshi likatembea kutoka kwenye chumvi mpaka kwenye dawa za presha za Nyanya. Mama yako akapiga kigelegele, kisha akaketi na kujifuta macho. Alisema ni kama kumsikia mumewe anarudi kutoka stesheni.

Kisha akamwomba Furaha amsimulie yale aliyowaambia Wazungu. Furaha akasimulia, mara hii kwa Kiswahili. Alipofika kwa yule wa mgodini, Nyanya akainua mkono.

"Ngoja. Hiyo nani alikuambiaka?"

"Si ni Maman..."

"Hapana. Maman yako hakukuambia hiyo. Haiwezekani. Yule mtu, Maman yako alimchukiaka kabisa."

Furaha akazima spiriti. Kisha akanitazama kwa haya.

"Ni Mama Espe," akasema. "Tulisomaka naye, Louisville. Hiyo yote ya nyuma ni yeye."

Nilitazama dirisha. Sikutaka wanione uso.

Hapo ndipo Nyanya alipotueleza, Mama Furaha, na ndiyo maana nimekaa kuandika. Alisema ulikuwa wa kwanza darasani, mbele ya wavulana wote. Ukataka uinjinia, kwa sababu ya yale magarimoshi yaliyokuwa yakiota kutu stesheni Kalemie, yale baba yako aliyoyatilia kuni ujanani. Nafasi ilipokuja ya kwenda kusoma, akapelekwa mvulana aliyekuwa nyuma yako. Wewe ukapewa ualimu. Ulipolikuta kitabuni jina la yule Mwingereza aliyetangulia kisha akasahaulika, ulilia kama mtu wa kwenu amekufa. Na huyo aliyekuja kupata sifa, hukutaka hata atajwe nyumbani. Mtu akimtaja unatoka chumbani.

"Mwanangu?" Nyanya akasema. "Wivu yake ingeweza kuchemsha maji bila moto."

Nilicheka. Samahani. Nilicheka mpaka Baba Furaha akaja kutoka barazani kuuliza kuna nini. Nyanya naye akacheka. Furaha alitutazama kama tumeharibikiwa, kisha akaanza kucheka na kulia kwa pamoja. Alisema, "Sikujua Maman alikuwaka na wivu." Miaka yote hii mtoto alikuwa anajitahidi kuwa binti wa malaika. Kumbe wewe ni mtu kama mimi.

Nilifikiri wivu ungeniisha pale. Haukuisha. Kesho yake asubuhi nilimkuta Furaha amelala kitandani kwa Nyanya, mkono chini ya shavu, na Nyanya akanong'ona, "Hivi ndivyo Maman yake alilalaka." Wivu ukanichoma upya. Lakini sasa najua ninayemwonea wivu ni nani. Una hasira, una kiburi, unatoka chumbani. Ni rahisi zaidi kuishi na mtu wa namna hiyo.

Jumapili iliyopita Furaha alipiga simu kutoka Gahanna. Kuna kanisa lina watoto wa Kikongo, wameomba awapelekee garimoshi. Anataka niende. Ameniambia atasimulia mpaka reli zinavunjika, halafu mimi nichukue hapo, kwa Kiswahili, na yeye atatafsiri kwa wale wasiokijua. Nilimwambia nina zamu. Akasema, "Badilisha. Uliwahi kubadilisha." Nitabadilisha. 

Hakuniomba msamaha na mimi sikumwomba. Tuliulizana tu habari za chakula. Aliponiaga alisema "Mama" bila "Espe," lakini simu ilikuwa inakatika, siwezi kuapa.

Sasa nakuaga. Pumzika, Mwalimu. Sikuahidi kwamba nitaacha wivu, maana nitakuwa nimekudanganya. Nakuahidi kitu kingine. Kila kitu chake nakiweka kichwani: anavyokula akiwa na haraka, anavyobishana na mashine kwa Kifaransa, siku atakayovaa joho, mtu atakayemleta nyumbani na kama nimempenda. Tukikutana huko, tutagombana kwanza, mimi na wewe, mpaka tuchoke. Kisha utanieleza alivyokuwa akiwa mchanga, na mimi nitakueleza yote yaliyobaki.

Espérance