Tai Aliyetundikwa Uani kwa Wifi Yangu

Jumamosi, Julai. Wingu limeikalia Machakos tangu alfajiri, na baridi hii isiyoleta mvua imenifaa: sikutaka kumchangamkia mtu yeyote.

Nianze na neno "anayelindwa", kwa sababu leo limechezewa mbele yangu. Kiumbe anayelindwa ni yule ambaye sheria imefanya kumuua, kumtega au kumwekea sumu kuwa kosa, bila kwanza kuuliza kama anapendwa, kama ana faida, au kama wamebaki wachache. Ndege mbuai wa nchi hii, yaani wanaoishi kwa kuwinda, kuanzia tai hadi bundi, wamo ndani ya maana hiyo.

Alhamisi wifi yangu Ndinda, mjane wa kaka yangu, alinipigia simu kutoka Masii huku akicheka. "Mwalimu, yule mwizi wa vifaranga tumemmaliza. Kuja umwone, si wewe ndiye unapenda ndege?"

Nimekwenda leo. Mzoga ulikuwa umetundikwa kichwa chini kwenye nguzo ya ua, mbele ya banda la kuku. Ndivyo wafanyavyo huku, ili mwewe wengine waone na waogope. Nilimtambua kabla sijafika langoni, kwa ule ushungi mrefu wa manyoya ya kichwani uliokuwa ukining'inia kuelekea ardhini.

Hakuwa mwewe.

Alikuwa tai ushungi, mmoja wa wale wawili wenye kiota juu ya mkaratusi wa jirani, ambao nimekuwa nikiwaandika humu daftarini tangu nilipostaafu kufundisha biolojia. Chakula chao kikubwa ni panya. Ndinda alikuwa amemuua mlinzi wa mahindi yake mwenyewe, kisha akamwanika kama mhalifu.

Vifaranga wake walikuwa na rangi ya zambarau mgongoni. Hilo peke yake si ajabu. Akina mama wengi wa huku huwapaka vifaranga rangi, wakiamini kwamba mwewe hatamtambua kifaranga wa zambarau kuwa ni chakula. Ndinda aliona desturi hiyo ina upungufu, akaikamilisha: alichanganya rangi na dawa ya kupe ya kuogeshea ng'ombe, ili mwewe asiyedanganyika afe. Dawa ikaua kwanza vifaranga wake watano. Akawatupa kwenye shimo la takataka nyuma ya jiko na kusema ni baridi.

Nilivaa glavu nilizobaki nazo za maabara, nikampasua tai juu ya gunia. Ndinda alisimama amekunja mikono.

"Hebu kuja uone," alimwita jirani aliyekuwa akichungulia juu ya ua. "Mwalimu anatafuta roho ya mwewe!"

"Akiipata aulize kuku wangu walienda wapi," jirani akajibu. Wakacheka mpaka mmoja akashika ubavu.

Tumboni mlikuwa na panya ambaye hajasagika. Nilimpasua naye. Ndani yake nilikuta vinyoya laini vya kifaranga, vya zambarau. Mfululizo ulikuwa wazi kama mchoro wa ubaoni: panya alimtafuna kifaranga aliyetupwa, akalegea, na tai akamwokota panya aliyelegea. Tai hakugusa kifaranga hata mmoja.

Nilimweleza Ndinda haya yote polepole, kwa sauti niliyokuwa nikiitumia kwa darasa lililoshika mkia.

"Sasa mwalimu," akasema, "ni mimi nilimwambia akule panya?"

Nilimwambia kwamba amevunja sheria. Nilimwambia pia, na hili nilikusudia limuume, kwamba ujinga si utetezi.

"Hiyo sheria yenu inajua kuku?" akauliza. "Mwewe amenichukulia vifaranga kumi. Nani amekuja hapa kuniuliza niko na hali gani?"

Nimeisoma orodha ya wanyama ambao mkulima anaweza kufidiwa kwa hasara yao. Fisi yumo, chui yumo, mwewe sikumwona. Ndinda hajaisoma, lakini alikuwa ameikisia sawasawa, na kwa hilo nilimchukia zaidi.

Juu ya mkaratusi amebaki tai mmoja na kinda lisiloweza bado kuruka. Panya wa shimo lile ndio chakula chao. Nilimtaka Ndinda awaoshe vifaranga walio hai na kuizika mizoga. Alikataa kuosha. "Mwewe bado yuko," alisema akionyesha juu, na kweli alikuwepo, akizunguka taratibu juu ya banda. Mizoga niliizika mwenyewe, kina cha mkono mzima. Vifaranga wamebaki na sumu yao mgongoni.

Nikiwa papo hapo uani niliipigia simu ofisi ya wanyamapori.

"Madam, amejeruhi mtu?" afisa akauliza.

Nilisema ni ndege, na ameuawa.

"Ahaa, ndege. Basi leta barua Jumatatu. Uandike jina la mshukiwa."

Ndinda alisikia kila neno. Hapo ndipo alipoacha kucheka.

"Andika," aliniambia. "Na uandike pia mimi ni mama ya watoto wa ndugu yako."

Nimerudi nyumbani saa nane mchana na kuketi na karatasi. Barua ina aya nne. Jina nimeliandika, kamili, bila kulifuta, na Jumatatu nitaipeleka. Kama hatawaosha wale vifaranga kwa aibu, atawaosha kwa hofu, na tofauti hiyo kinda la tai halitaijua.

Lakini nimeisoma barua mara mbili, na aya ya tatu inanikera. Humo nimemtetea tai kwa sababu anakula panya, kwa sababu hakugusa kifaranga, kwa sababu hakuwa mwizi. Sheria haikuniomba sababu hizo. Nimeifuta aya yote. Barua imebaki sahihi zaidi, nami sijioni kuwa mkweli zaidi.

Je, kama aliyetundikwa kwenye nguzo ile angekuwa mwewe, mwenye kifaranga wa Ndinda tumboni, ningeliandika jina hili?