Kwa Mzee Anselm Rautner, Aliyejua Kunyamazisha Fidla

Mwaka umetimia, Mzee Anselmi, tangu ulipoanguka katika chumba cha kurekodia huko kwenu Austria, na huku kwetu Dindira mkeo Emiliana akikusubiri urudi.

Wengine walikujua kwa tuzo. Ulitunga muziki wa filamu tangu ujana, na ulianza kwa makelele: matarumbeta, ngoma, okestra nzima ikimkimbiza jambazi mmoja. Mwenyewe ulikuwa ukicheka, ukisema siku hizo walikulipa kwa kilo.

Sisi tulikujua kwa kile kinasa sauti chako. Emiliana akikutuma matunda sokoni Mombo, unarudi na sauti za wauza matunda, mikono mitupu.

"Baba Upendo, hizi nazo tutazimenya?" anakuuliza. Nawe unamwekea asikilize tena, huna hata aibu.

Msiba wa baba mkwe wako ndio uliokubadilisha. Kwaya ilikwishaanza, Emiliana akaangua kilio, na shemeji yako Ernesti, mwalimu wa kwaya, akainua mkono waimbaji wakanyamaza. Kwetu mwenye msiba hulia kwanza, wimbo husubiri. Tangu hapo, katika filamu zako, hukuweka tena muziki juu ya mtu anayelia. Watayarishaji wa filamu wakafoka, wengine wakakunyima kazi. Ukawajibu, "Analia mwenyewe. Fidla itamsaidia nini?" Filamu zako za mwisho zina muziki kidogo tu, nao huingia watu wakishanyamaza.

Sasa sikia kule kwenu walivyokuzika. Emiliana alinyimwa viza. Dada yako akaahidi kwamba Emiliana atakuaga kwa simu ya video, na sauti yake itasikika kanisani. Tukakaa sebuleni kwa Ernesti, ndugu wakapanda kutoka Mombo. Jeneza lilipoingizwa, Emiliana akaita jina lako, akalia. Hapo hapo okestra ikaanza, tena ule muziki wako wa zamani, wa makelele.

"Dada," Ernesti akamwambia Emiliana, "wametuzima sauti."

Hakuamini. Akaendelea kukuita, na kule hakuna aliyegeuka. Kisha akajifuta uso kwa khanga, akatazama mpaka jeneza likatolewa. Baadaye dada yako akaandika, kwa adabu zote, kwamba kilio kilikuwa kinaharibu muziki. Muziki wako wewe, Anselmi! Uchungu huu umetukaa kooni, na hatuna haja ya kuumeza ili watu wengine wapate raha.

Tangu siku ile Emiliana hajatoa chozi. Majirani wanamsifu kwamba amejikaza. Sisi tunaokaa naye tunaogopa.

Jumamosi hii ndugu na marafiki wote mnakaribishwa nyumbani Dindira kwa kumbukumbu ya mwaka. Ernesti alikuwa ameshaandaa nyimbo, Emiliana akamkatalia.

"Kwaya isije," alisema. "Mimi mume wangu sijamlilia bado."

Unakumbukwa na binti yako Upendo, mkweo Abraham, shemeji zako Ernesti na Yuditha, na mkeo Emiliana. Hatutakusahau, Mzee Anselmi, siku zote za maisha yetu.